Nani Alilala Wapi

Watu wakikutana na Bi Zamani njiani hawampi mkono. Wanashika masikio yao. Mwuza magazeti hulishika la kwake na kucheka. Mhudumu wa benki, mwenye shati lililonyooka kama karatasi, alilishika la kwake hapo hapo kaunta bila kujali foleni. Hata daktari wa meno, siku alipomng'oa jino, alimaliza kazi, akavua glavu, akashika sikio na kumwambia, "Tuko pamoja."

Yote hayo yalianzia kwenye kipindi cha kwanza kabisa cha "Chumba kwa Chumba". Kabla ya hapo alikuwa mwanahistoria wa kufundisha na kuandika, akisomwa na watu wachache ambao nao walikuwa wakiandika. Historia yake haikuwa ya wafalme wala ya vita. Ilikuwa ya masufuria na maji ya kuoga, ya nani alianza kula na nani aliosha vyombo. Kituo cha televisheni kilipompigia simu alidhani wamekosea namba. Hawakuwa wamekosea. Walitaka mtu wa kuwaonyesha watazamaji jinsi watu wa kawaida walivyoishi majumbani mwao hapo zamani, ila mtu huyo asiwe wa kukohoa kabla ya kila sentensi.

Siku ya kwanza alikaa kwenye kigoda mbele ya kamera, na maneno yote aliyokuwa ameyaandaa yakampotea. Akasema lililomjia. Alisema kwao walikuwa wakilala chumba kimoja, baba na watoto wa kiume kitandani, mama na watoto wa kike chini mkekani. Akasema yeye, kitinda mimba, hakuwa akiogopa giza kwa sababu mama alikuwa akilala amemshika sikio.

"Mchana mama hakuwa na muda na mtu," alisema. "Ukimsogelea anakupa ndoo. Lakini usiku nilikuwa na mkono wake." Na akashika sikio kuonyesha.

Basi nchi nzima ikashika sikio. Kituo kilikata kipande kile kikakifanya tangazo, na hata watu waliokuwa hawajatazama kipindi chenyewe walijua habari za mkono wa mama.

Ambalo Bi Zamani hakumwambia yeyote ni kwamba hakuwa na kumbukumbu nyingine ya namna hiyo. Mama alikuwa mtu wa kazi, mkali kwelikweli, na alikufa akiwa hivyo hivyo. Picha yake ilikuwa moja, na hapo amekunja uso kwa sababu ya jua. Bi Zamani alipojiuliza kama mama alimpenda, jibu lake lilikuwa ule mkono. Hakuwa na ushahidi mwingine, na yeye alikuwa mtu wa ushahidi.

Msimu wa tatu wakafika kwenye habari za kulala. Dairekta, mwanamume wa sauti ya chini aliyekuwa akizunguka na kikombe cha kahawa kisichoisha, alisema safari hii hakuna haja ya kutafuta familia ya kuazima.

"Ya kwako ipo," alisema. "Tujenge kile chumba chenu. Mlale humo kama mlivyokuwa mkilala. Watu watajaa."

Hiyo ndiyo ilikuwa njia yake Bi Zamani ya kufanya kazi. Hakuwa akiwauliza watu kama wanakumbuka. Kichwa, alikuwa akisema, kinapenda kupamba. Alikuwa akiwapa kifaa mkononi na kuwaambia, "Usiniambie. Nionyeshe." Mzee aliyekuwa ameapa kwamba alisahau namna ya kuwasha jiko la mafuta ya taa alipopewa jiko lenyewe aliliinamia, akapuliza tambi pembeni, akageuza uso kukwepa moshi ambao haukuwepo. Mwili wake haukuwa umesahau kitu.

Kaka mkubwa alikubali kabla simu haijamaliza kuongea. Kaka wa pili, ambaye tangu utotoni walimwita Bonge na hakuwahi kuwapa sababu ya kubadilisha, aliuliza kama kutakuwa na chakula. Dada ndiye aliyekataa.

Dada alikuwa mpishi wa shule hadi alipostaafu. Zamani walikuwa wakiongea na Bi Zamani karibu kila siku, lakini miaka hii miwili simu zilikuwa zimepungua, na zikipigwa zilikuwa fupi. Bi Zamani aliona ni mambo ya wajukuu. Alipomwuliza kama anakitazama kipindi, Dada alisema televisheni yake mbovu.

"Dada, ni kulala tu," alimwambia.

"Kulala nalala kwangu."

"Bila wewe hatujatimia."

"Si mna watu wa kuigiza? Mlipeni mmoja alale."

"Dada."

"Nini?"

"Nakuomba."

Upande wa pili sufuria ilifunikwa. "Nitakuja," Dada alisema. "Lakini siongei. Nalala, naamka, narudi kwangu."

*

Seremala wa kituo alikuwa ameujenga ukuta kwa mbao nyembamba, akaupaka rangi ya kijani hadi kiunoni na nyeupe kuanzia hapo kwenda juu, kama ulivyokuwa. Kitanda cha springi kilipatikana. Kabati la wavu lilipatikana. Mlango ulikuwa mpya, lakini Kaka alishikilia kwamba wa kwao ulikuwa ukikwaruza sakafu, kwa hiyo seremala akaushusha kidogo mpaka ukakwaruza na kila mtu akaridhika. Nafasi ya baba ilichukuliwa na godoro lililoviringishwa na kuvishwa koti.

"Baba kapungua," Bonge alisema.

"Na hakoromi," Kaka akasema. "Huyo si baba."

Dada hakucheka. Alisimama mlangoni na mkoba wake kwapani, akakitazama kile chumba, kisha akavua viatu kabla ya kuingia. Hakuna aliyekuwa amemwambia avue.

Nafasi ya mama ilipewa mama wa mavazi, mwanamke mpole wa kituo ambaye kazi yake ilikuwa kutafuta nguo za zamani na kuzipiga pasi. Taa zikapunguzwa. Kaka na Bonge wakapanda kitandani na kitanda kikalia.

"Sogea kule, mimi nilikuwa ukutani," Kaka alisema.

"Ukutani nilikuwa mimi."

"Wewe uliwekwa pembeni, kwa sababu zinazojulikana."

"Nilikuwa mtoto!"

"Ulikuwa na ndevu."

"Msiniambie," Bi Zamani aliwaambia kutoka chini. "Nionyesheni."

Wakasukumana kidogo, wazee wawili wenye mvi, kisha bila kupanga wakageuka kwa pamoja, huyu kichwa huku na yule kichwa kule, miguu ya Bonge ikatua chini ya kidevu cha kaka yake. Mpiga picha alitabasamu nyuma ya kamera yake.

Chini mkekani, Bi Zamani alilala katikati. Upande wa kabati alikuwa Dada, uso ukutani, kimya kama alivyoahidi. Upande wa mlango alikuwa mama wa mavazi.

"Sasa mkono," Dairekta alisema taratibu.

Mama wa mavazi akashika sikio la Bi Zamani.

"Samahani, siyo hivyo. Usilivute."

Akashika tena.

"Hapo umeliziba. Halikuwa linazibwa."

"Kwa vidole viwili?"

"Viwili, lakini... hapana. Hebu tena."

Walirudia, wakarudia. Mama wa mavazi alianza kutoka jasho. Bi Zamani mwenyewe alishangaa. Sikio lake lilikuwa linakataa, na hakuweza kueleza linataka nini. Dairekta alitazama kikombe chake. Kaka, kutoka juu, alisema kama ni sikio tu basi wachukue la kwake wamwache alale.

"Mnamchosha mama wa watu bure," Dada alisema kwa ukuta. Kisha akageuka. "Ni hivi."

Mkono wake ukaja kwa nyuma, juu ya bega la mdogo wake. Vidole viwili vikalipokea sikio katikati yao, kama mtu anavyoshika kitu anachokijua gizani, na kidole gumba kikaanza kwenda taratibu nyuma ya sikio, kikaenda, kikaenda, kikasimama. Kikakaa kimya. Halafu, pale pale ambapo mtoto angeanza kujiuliza kama kimeondoka, kikaenda tena.

Bi Zamani alihisi miguu yake ikijikunja yenyewe. Pumzi ilimshuka. Kile kitendo cha kusimama na kuanza tena hakuwahi kumweleza mtu, wala kwenye televisheni wala kokote, kwa sababu mpaka dakika ile alikuwa hajui kwamba anakijua.

"Nani alikuonyesha?" aliuliza bila kugeuka.

Mkono ukaondoka. "Nilikuwa namwona mama."

"Ulikuwa unamwona gizani?"

Dada akaketi. Akaanza kutafuta viatu vyake.

"Tupumzike," Dairekta alisema.

*

Walikaa kwenye chumba cha kubadilishia nguo, mbele ya kioo kilichozungukwa na balbu, chai ikipoa. Dada alikuwa ameuweka mkoba magotini kama mtu anayesubiri kuitwa. Bi Zamani alijua namna ya kuwangoja watu waongee. Ndiyo ilikuwa nusu ya kazi yake. Safari hii aliona ni kazi ngumu.

"Ulikuwa mlizi," Dada alisema mwishowe. "Ukiamka ukamkosa mama, unaamsha nyumba nzima. Basi nikawa navaa sweta lake. Unanusa, unatulia."

"Nikimkosa? Alikuwa ameenda wapi?"

"Ng'ambo ya korido. Kwa Mama Cherehani."

Bi Zamani alimkumbuka Mama Cherehani kwa pini alizokuwa akizibana mdomoni na kuongea nazo hivyo hivyo. Mumewe alikuwa akifanya kazi mbali, na chumba alikuwa nacho peke yake.

"Kufanya nini?"

"Kulala. Ulidhani nini? Kule kitanda kizima kina mtu mmoja. Huku baba anakoroma kama mashine ya kusaga, na wewe unapiga mateke. Mama alikuwa anaanza kazi kabla jua halijatoka. Angelala saa ngapi?"

"Kila siku?"

"Siku nyingi. Anasubiri mmelala, ananigusa mguu, anaondoka. Alfajiri anarudi, anawasha jiko. Aliniambia, mtoto asijue. Sikusema."

"Na baba?"

"Baba alijua. Na yeye alipata nafasi ya kukoroma bila kuamshwa." Dada aligusa kikombe, hakunywa. "Halafu walikuwa wanacheka. Mama na yule. Unasikia kupitia ukuta. Wanacheka mpaka wanaambiana nyamaza."

"Mama?"

"Mama."

Bi Zamani alijaribu kumwona mama akicheka. Aliweza kuona meno, hakuweza kuona uso.

"Mbona hukuniambia, Dada? Baada ya yote haya. Baada ya kukua."

"Uliniuliza? Nimekaa sebuleni na wajukuu, nakuona umependeza, nasema, mdogo wangu huyo. Ukafungua mdomo. Ukatoa mkono wangu ukampa mama, mbele ya nchi nzima." Hakupandisha sauti. "Mjukuu akaniambia, 'Bibi, mama yako alikuwa mtu mzuri.' Nikasema ndiyo. Ningesemaje? Alikuwa mtu mzuri."

"Kwa hiyo televisheni yako si mbovu."

"Televisheni yangu nzima kabisa."

Mlango uligongwa, Dairekta akachungulia. Hakuwa mtu wa kusukuma watu. Alisema tu kwamba matangazo ya kipindi tayari yametoka, na yote ni mkono wa mama. Kama wangetaka kuendelea kama ilivyopangwa, mama wa mavazi alikuwa ameshaelewa jinsi ya kushika. Kwa watazamaji ingekuwa sawa tu.

"Kwa watazamaji, ndiyo," Bi Zamani alisema.

"Sikushauri kitu. Nauliza tu ili nipange taa."

Akaufunga mlango taratibu.

Ingekuwa familia ya watu wengine, Bi Zamani angekuwa ameshasimama kwa furaha. Miaka yote aliyokuwa akikusanya habari za vyumba vya watu, hakuna aliyewahi kumwambia kwamba mama wa nyumba alikuwa na kitanda kwingine, kwa rafiki yake, na kwamba alikuwa anakwenda huko kulala na kucheka. Kila mtu alimwambia mama alilala wa mwisho na kuamka wa kwanza, na yeye aliandika hivyo, na kuwaamini. Hii ilikuwa habari mpya na nzuri. Lakini sikio lilikuwa la kwake. Akiitoa habari hii, mama atabaki na ndoo na uso uliokunjwa na jua.

Alimtazama Dada kwenye kioo. Mikono ya Dada ilikuwa imelala juu ya mkoba, mikavu, ina alama za moto wa majiko ya shule. Bi Zamani aliona kwamba alikuwa hajawahi kuitazama. Aliwahi kuipiga picha mikono ya wafua nguo, ya wasaga nafaka, ya wachonga vinyago, kwa ukaribu, kwa taa ya pembeni. Hii, hapana.

"Ulikuwa na umri gani?" aliuliza.

"Wa kucheza. Wenzangu walikuwa wanacheza."

"Ukisema nisiseme, sisemi. Tutasema mkeka ulikuwa hapa, kitanda pale, basi. Sikio tunaliacha."

Dada alichezea kifungo cha mkoba, akikifungua na kukifunga.

"Mama keshalala, hagombezwi na mtu," alisema. "Sema. Lakini usimtie huruma. Sitaki watu walie. Sitaki ule muziki wenu wa filimbi. Alikuwa amechoka, akapata pa kulala, akalala vizuri. Useme hivyo."

"Nitasema hivyo."

"Na mimi usinifanye malaika. Ulikuwa ukizidi kupiga mateke nakufinya."

"Ulikuwa unanifinya wapi?"

Dada akamfinya ubavuni, na Bi Zamani akaruka, chai ikamwagika. Walicheka kidogo, wakiona haya, kama watu waliokutana baada ya muda mrefu na bado hawajajua waongee nini.

*

Waliporudi, Kaka na Bonge walikuwa bado kitandani, kwa kuwa hakuna aliyewaambia washuke, na mtu alikuwa amewaletea mkate. Bi Zamani aliwaeleza. Hakupamba, aliwaambia mama alikuwa akilala wapi na mkono ulikuwa wa nani. Bonge aliacha kutafuna.

"Kwa hiyo alikuwa anatuacha?" Kaka aliuliza. Sauti yake ilikuwa ya mtu mwenye wajukuu, lakini swali halikuwa la umri huo.

"Alikuwa hapo hapo ng'ambo," Dada alisema. "Ungepiga chafya angesikia. Na wewe ulikuwa unalala kama gogo, unadai nini?"

Bonge alimpa Kaka kipande cha mkate, akakipokea.

Mama wa mavazi alishukuru kuachiliwa, akaenda kukaa karibu na nyaya. Taa zikapunguzwa tena. Bi Zamani alilala mahali pake na kuitazama kamera, na kwa maneno machache aliwaambia watazamaji kwamba mkono aliowasimulia ulikuwa wa dada yake, kwamba yeye hakujua, na kwamba aliyelala nyuma yake sasa ndiye mwenyewe. Hakuna filimbi iliyopigwa. Kisha akageuka.

"Dada, mama alikuwa anaondokaje? Usiniambie."

Dada alihamia upande wa mlango. Akalala chali, mikono kifuani, akasikiliza. Akasikiliza kwa muda, mpaka na wao wakaanza kusikiliza. Halafu akanyoosha mguu, akagusa mguu wa mtu asiyekuwepo, mara moja. Alilikunja blanketi upande wake badala ya kuliondoa, ili ubaridi usiwaingie waliobaki, akainuka kwa kutanguliza magoti. Akavuka. Mlangoni alishika kitasa kwa mikono miwili na kuunyanyua mlango mzima kidogo, ukafunguka bila kukwaruza.

Bi Zamani alikuwa ameshaona watu wengi wakimwonyesha mambo ya zamani. Lakini mgongo ule, ulioinama kidogo kusikiliza chumba kabla ya kutoka, aliujua. Aliutazama ukitoka taratibu kama wa mtu anayeiba, akiiba usingizi tu, na akaona kwamba mtu asiyewapenda waliolala asingeunyanyua mlango vile.

Dada alisimama kizingitini. Alibaki hapo, mkono mmoja bado umeubeba mlango.

"Enhe?" Bi Zamani alisema. "Halafu?"

"Halafu sijui."

"Walikuwa wanacheka nini?"

"Mimi nitajuaje? Sikuwahi kuvuka hapa. Nilikuwa nimekushika wewe."

Dairekta alinyanyua kidole kumwambia mpiga picha asikate, lakini mpiga picha hakuwa na nia ya kukata. Nyuma ya ule mlango hapakuwa na korido wala Mama Cherehani. Palikuwa na ngazi ya kukunja, nyaya, na fundi wa sauti aliyekuwa amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa na masikio yake mawili makubwa ya plastiki.

Bi Zamani akainuka mkekani. Alilikunja blanketi upande wake. Alivuka kwa kunyata, akafika mlangoni, akamshika dada yake mkono.

"Twende," alisema.

"Mnakwenda wapi nyinyi?" Kaka aliuliza kutoka kitandani.

"Lala," Dada alimwambia, akatoka na mdogo wake, akaurudishia mlango.